Pambizoni mwa Gazeti

Kazini wananiita Mama Gundi, na mimi sikasiriki, maana ndiyo kazi yangu. Miaka thelathini na sita nimekaa kwenye meza ileile, chini ya dirisha lilelile, nikibandika mimea mikavu kwenye karatasi ngumu. Asiyejua huuliza, "Na mshahara wanakupa?" Wananipa.

Kazi yenyewe iko hivi. Mkusanyaji anapanda mlimani, anakata tawi lenye maua, analilaza ndani ya gazeti kuukuu, anapanga magazeti hayo moja juu ya jingine, kisha anayabana kwa mbao mbili na mikanda mpaka mimea ikauke. Furushi likishuka mjini linaletwa kwangu. Mimi nalitoa tawi gazetini, nalipaka gundi kwa brashi, nalilaza kwenye karatasi, shina likiwa nene nalishona kwa sindano na uzi, na pembeni nabandika kikaratasi kinachosema limekatwa wapi, lini na nani. Baada ya hapo linaingia kwenye kabati la chuma, na atakayezaliwa miaka mia ijayo atakuja kulitazama. Binti yangu alipokuwa darasa la pili aliwaambia wenzake kwamba mama yake anafanya kazi kwenye makaburi ya majani. Mwalimu akaniita shuleni kuuliza kama nyumbani kuna amani.

Basi huo mlima ninaoubandika sikuwahi kuukanyaga. Nimezaliwa tambarare, mahali ambapo ukipanda juu ya ndoo unaona mpaka kijiji cha tatu. Mlima niliuona mara ya kwanza nilipoajiriwa, kupitia dirisha la choo cha ghorofa ya pili, siku moja isiyo na mawingu, na tangu siku hiyo nikawa mtu wa kwenda chooni mara nyingi. Majani yake nayajua yote, ya chini na ya juu, lakini nayajua kama unavyomjua mtu kwa picha ya kitambulisho. Nilitamani kuyaona yakiwa hai. Nilitamani sana, na sioni haya kusema.

Mkusanyaji alikuwa mume wangu. Yeye walimwita Mita, kwa sababu hakuokota hata jani moja bila kusoma kwenye kipimo chake ni mita ngapi kutoka usawa wa bahari. Hata nyumbani aliwahi kuniambia kitanda chetu kiko mita elfu moja na mia moja na kumi na mbili. Nikamwambia kwa hiyo akianguka asiseme sikumwonya.

Kila mwaka nilimwomba anichukue, naye kila mwaka aliniambia mwakani. Mwaka huu gari limejaa wataalamu. Mwaka huu binti mdogo. Mwaka huu goti lako la kushoto, mke wangu, mlima hauna ngazi. Nilinuna, nikanuna tena, nikazoea.

Lakini alikuwa na lake la kunifidia. Magazeti yanayokaushia mimea hutupwa, hakuna anayeyasoma, na mikono inayoyafungua ni yangu peke yangu. Kwa hiyo alikuwa akiniandikia humo, pembeni, pale penye weupe kati ya maandishi na ukingo, kwa penseli. Jioni kwenye hema wenzake walidhani anaandika namba za mimea. "Hapa mvua siku ya nne. Soksi zangu zimeota kuvu, zikikomaa nitakuletea uzibandike." Au: "Jani hili lina manyoya laini upande wa chini. Liguse kwanza kabla ya gundi." Au neno moja tu, "Nimekukosa," na hapo chini yake tangazo la mabati. Wapo wanawake walioandikiwa barua za manukato. Mimi nimeandikiwa kwenye matokeo ya mpira na habari za vifo vya watu nisiowajua, na sikuona nimepunjwa. Nilikuwa nakata zile pambizo kwa mkasi na kuziweka nyumbani kwenye kopo la biskuti.

Miaka kumi na moja iliyopita, mwezi wa nne, alipanda akiwa na kikohozi. Nilimwambia asiende. Akasema ni vumbi la mji, likipigwa na baridi litatulia. Aliposhuka, kikohozi kilikuwa kimeshakuwa kichomi. Dereva alimpeleka hospitali ya mji ulio chini ya mlima, na kabla basi langu halijafika, mume wangu alikuwa ameondoka. Dereva akanikabidhi vitu vitatu: buti, kipimo cha mita, na furushi lililofungwa mikanda.

Buti nilimpa shemeji yangu. Kipimo nilikirudisha ofisini. Furushi nililiweka juu ya kabati namba kumi na nne, nikaandika kwenye kikaratasi neno moja, BADO, nikalibandika kwa gundi ya kazini.

Nisipolifungua, bado ana neno la kuniambia. Nikilifungua, atakuwa amemaliza. Ndivyo nilivyojiambia, na nilijiambia hivyo kila mwaka. Wakati wa kuhesabu mali, karani alikuwa akiuliza, "Na lile?" namjibu, "Si umesoma? Bado." Kwetu mafurushi yasiyofunguliwa ni mengi, mengine yana miaka arobaini, kwa hiyo langu halikumshangaza mtu. Ila wadudu hawajui kusoma. Ili wasilile, kila mwaka nilikuwa nalitia kwenye mfuko wa plastiki na kuliweka kwenye friza kubwa siku saba, kama tufanyavyo kwa mimea yote, kisha nalirudisha juu, mikanda ikiwa haijaguswa. Mara kumi na moja. Hata maiti huwa hawakai friza namna hiyo.

Mwaka huu akaja Daktari. Si daktari wa sindano. Huyu ni daktari wa mimea, binti mwembamba aliyetoka masomoni, mwenye miguu ya kupanda na mdomo wa kuuliza. Alipewa kazi ya kuandika orodha ya mimea ya mlima wetu: ipi ipo, ipi iko mashakani, ipi imetoweka. Kwenye orodha hiyo kulikuwa na ua moja lililomnyima usingizi. Lilikusanywa mara moja tu, miaka sabini iliyopita, na mtu aliyeandika mahali lilipotoka kwa maneno mawili: "Mlimani, majimaji."

"Mama, mlima mzima una majimaji," aliniambia akiwa ameegemea meza yangu. "Nimepanda mara tatu. Sijaliona. Orodha inafungwa mwisho wa mwezi, na nisipoliona nitaandika limetoweka. Na kitu kikishaandikwa kimetoweka, nani atakwenda kukitafuta tena?"

"Basi panda mara ya nne," nikasema. "Miguu yako, si yangu."

Alicheka, akaondoka. Siku ya pili asubuhi akarudi, na mara hii hakuegemea meza. Alisimama mikono mbele kama mtu aliyekuja kuposa.

"Mama, shikamoo."

"Marahaba. Hujaniamkia hivi tangu uajiriwe. Unataka nini?"

Akaweka mbele yangu fomu ya zamani ya kuomba safari. Mwandiko niliutambua kabla sijavaa miwani. Kwenye mstari wa sababu ya safari, mume wangu alikuwa ameandika: "Kutafuta lile ua dogo la majimaji. Nadhani najua lilipo."

"Nimetafuta alichokusanya safari ile," Daktari akasema polepole. "Kwenye makabati hakimo. Mkuu wa ofisi ameniambia nikuulize wewe."

"Mkuu naye ana mdomo."

"Mama, kama lipo humo ndani..."

"Nimesikia."

Sikumwangalia. Niliendelea kupaka gundi jani lililokwisha kupakwa. Yeye naye akavuta kiti, akakaa. Mwishowe nikamwambia ukweli, jambo ambalo sikuwahi kumwambia hata binti yangu: kwamba ndani ya lile furushi kuna maneno yangu, ya mwisho, na yakishasomwa sina mengine duniani.

"Siwezi kukulazimisha," akasema. Macho yake yalikuwa mekundu. "Lifungue ukiwa peke yako. Mimi niambie tu kama ua limo au halimo."

Angenilazimisha ningekataa. Mimi ndivyo nilivyo, ukinisukuma nakuwa ukuta. Lakini aliposema vile nikaona aibu. Mtu aliyekufa akilitafuta ua hili, nami nimelikalia kama kuku kwenye yai viza.

"Leta ngazi," nikamwambia. "Na usiende popote. Peke yangu sitaweza."

Tulilifungua saa nne asubuhi, jua likipiga mezani. Mikanda ilikuwa imekakamaa, tukaikata. Niliinua ubao wa juu nikauweka kando. Gazeti la kwanza lilikuwa na picha ya wachezaji wameinua kombe, ndani yake majani ya nyasi na kitawi cha mgunga chenye miiba myeupe, mimea ya chini kabisa, ya kule ambako mlima bado ni tambarare iliyoinama kidogo. Pembeni, kwa penseli:

"Mke wangu. Safari hii sikusanyi tu. Nakupimia njia. Usinune tena. Mvua ikikatika, mwezi wa saba, tunapanda wote, na kiti cha gari nitakupigania mwenyewe. Kila penye namba nimepata mahali pa kukaa. Namba moja: jiwe bapa, kivuli cha mgunga huu. Goti likisema, tunalisikiliza."

Nilisoma mara mbili. Daktari aligeuza uso dirishani, akajifanya anatazama gari linaloegeshwa.

Gazeti la pili, ukingo wa msitu. La tatu, la nne, la tano, msitu wenyewe: majani mapana yenye ncha ndefu za kudondoshea mvua, mmea wa kutambaa uliokunjwa mara tatu ili utoshe, kangaga wa kivulini. "Namba tatu: mzizi wa mti mkubwa, umetoka nje kama benchi la kituo cha basi, ila hili halina mlevi." "Namba sita: hapa kuna kijito. Nimejaribu kina kwa fimbo, maji hayafiki magotini. Ikibidi nitakubeba, usimwambie mtu." Kadiri tulivyofungua, ndivyo mlima ulivyopanda mezani pangu. Majani mapana yakaisha, ikaja mianzi. "Namba kumi: tutalala hapa, ardhi ni laini kwa majani ya mianzi, nimelala juu yake nikahakikisha. Mianzi ikipigwa na upepo inagongana usiku kucha. Utadhani jirani anahamisha vyombo." Baada ya mianzi, ile miti mifupi iliyopinda, yenye ndevu za kijivu zinazoning'inia kila tawi, na kuvumwani nene kiasi kwamba gazeti lilikuwa bado na doa la maji yake. "Namba kumi na tano: hapa ni mawinguni. Sisemi kwa mfano. Utakuwa ndani ya lile wingu unalolilaani kule chooni." Kumbe alijua habari za choo. Nilicheka, na kicheko kikageuka, ikabidi Daktari aniletee maji.

Njia nzima alikuwa ameipinda kwa ajili ya goti langu. Penye mteremko mkali alikuwa amezunguka. Penye utelezi aliandika nishike mti gani, na jani la mti huo limo ndani ya gazeti, ili niutambue. Nilikuwa na umri wa miaka arobaini na minane wakati anaandika. Goti lilikuwa linauma nikikaa sana, basi. Sasa nakaribia sitini, na mwaka juzi daktari wa mifupa aliniwekea picha ukutani akanionyesha mahali ambapo mfupa unasaga mfupa.

Mwezi wa saba wa mwaka ule nilikuwa kitandani natazama ukuta. Hata ningelifungua nisingekwenda. Lakini mwaka uliofuata? Na ule wa baada yake? Nilikuwa nabeba ndoo ya maji kichwani, nilikuwa napanda ngazi za ofisi mara sita kwa siku. Wahenga walisema ngojangoja huumiza matumbo, nami nilidhani methali hiyo ni ya wanaosubiri chakula.

Gazeti la kumi na tisa ndilo lililokuwa na ua. Tawi moja dogo, lenye urefu wa kidole, maua matatu. Daktari alilitazama kwa kioo chake cha kukuzia, akaliweka chini, akalitazama tena.

"Ndilo," akasema. "Mama, ndilo hili."

Akasogea kusoma pambizo, kisha akakumbuka, akarudi nyuma. Nikamwambia asome, ni kazi yake. Mume wangu alikuwa ameandika:

"Namba kumi na tisa. Ukuta wa jiwe upande wa kushoto, maji yanatiririka juu yake mwaka mzima. Limeota hapo tu, sijaliona pengine popote. Nimekata tawi moja tu, mengine yanakungoja. Rangi siandiki. Utaiona mwenyewe."

Hapo ndipo Daktari alipofumba macho. Rangi ndicho kitu cha kwanza ambacho mkusanyaji hufundishwa kuandika, kwa sababu ua likikauka rangi inakufa. Umbo linabaki, manyoya yanabaki, idadi ya petali inabaki, rangi haibaki. Mwenye kukusanya asipoiandika, imepotea. Mita hakuwahi kuiacha hata mara moja. Alikuwa akimfokea mwenzake kwa kuandika "nyekundu" bila kusema nyekundu ya namna gani. Na yule wa miaka sabini iliyopita, mtu wa "Mlimani, majimaji", naye hakuandika. Maua matatu mezani pangu yalikuwa ya rangi ya chai iliyomwagika.

Kwa hiyo hakuna aliyejua. Mume wangu aliharibu kazi yake mara moja tu katika maisha, na aliiharibu kwa ajili yangu.

"Nakwenda na wewe," nikamwambia Daktari.

Mkuu alipopata habari alitoka ofisini kwake, jambo la nadra. Akazungumzia umri, akazungumzia bima, akazungumzia ukubwa wa gari. Nikamsikiliza mpaka mwisho.

"Mkuu, nimeubandika mlima huo miaka thelathini na sita. Leo ukinibandika mimi kwenye kiti hiki, tutakosana, na nimebakiza miezi mitano ya kukosana na wewe."

Akaniandikia kibali. Kisha akaniambia, kwa sauti ya chini, nichukue fimbo nzuri.

Gari lilitufikisha kwenye nyumba ya walinzi wa msitu, mahali ambapo barabara inaishia kwenye nyasi. Jiwe bapa lilikuwepo. Mgunga ulikuwa umekua, kivuli sasa kilifunika hata njia. Niliketi kama nilivyoagizwa, goti likasema, nikalisikiliza, tukaendelea.

Namba mbili, ukingoni mwa msitu, kuna kichaka ambacho jani lake nimelibandika labda mara mia mbili. Likikauka huwa jeusi, limejikunja, linavunjika ukiligusa. Siku zote nimelihesabu miongoni mwa majani yenye roho mbaya. Kumbe likiwa hai linang'aa, kijani kibichi juu, na upande wa chini ni fedha, na upepo ukipita kichaka kizima kinageuka kutoka kijani kuwa cheupe na kurudi. Nilisimama pale nimeshika fimbo, mdomo wazi. Miaka yote ile nilikuwa nalisengenya jani la watu.

Ndani ya msitu palikuwa na giza la kijani na harufu ambayo siwezi kukueleza, kwa sababu kazini kwetu harufu ni moja tu, ya vidonge vya kuulia wadudu. Kila kitu kilikuwa kimelowa na kila kitu kilikuwa kimemshika mwenzake: mti umebebwa na mti, juu yake kangaga, juu ya kangaga ua, na juu ya ua kimdudu kinachojua kinachofanya. Mimi nilizoea jani moja, karatasi moja. Hakuna aliyenionya kwamba kule hayakai peke yake.

Tulifika kwenye mzizi wa namba tatu saa sita mchana. Kwa hesabu ya mume wangu tulitakiwa kufika saa tatu. Niliketi, na nilipotaka kuinuka goti halikuinuka. Nilijaribu kwa fimbo. Nilijaribu kwa bega la Daktari. Nilijaribu kwa hasira, ambayo kwa kawaida hunisaidia. Lilikuwa limevimba mpaka suruali imebana.

"Kupanda mchongoma, kushuka ndio ngoma," nikasema, ili nisilie mbele ya walinzi wawili waliokuwa nasi.

"Mama, tupumzike, kesho..."

"Hakuna kesho, mwanangu. Kesho goti hili litakuwa boga. Orodha yako inafungwa Ijumaa. Chukua pambizo hizi, nenda. Huyu mlinzi mmoja atanirudisha." Nikampa mfuko wa plastiki wenye pambizo zangu kumi na tisa, ambazo sikuwahi kufikiri mkono wa mtu mwingine utazibeba. "Namba kumi usipite bila kulala. Ameandika."

Niliwatazama mpaka majani yakajifunga nyuma yao. Iliwachukua hatua kumi tu, na msitu ukawa kana kwamba hakuna aliyepita.

Siku mbili nilikaa kwenye nyumba ya walinzi, mguu juu ya gunia, nikiutazama mlima. Huko juu mawingu yalikuwa yamekaa mahali pa namba kumi na tano na hayakuondoka. Nilijaribu kulipaka lile ua rangi kichwani. Nililipaka zambarau, nikaona ni makuu mno kwa ua la kidole. Nikalipaka jeupe. Nikasema mume wangu asingeficha jeupe. Na katikati ya hayo kulikuwa na jambo jingine nililokuwa naliomba kimoyomoyo, na ni aibu kulisema. Nilikuwa naomba Daktari arudi akisema njia ni mbaya. Kwamba mume wangu alijidanganya kwa mapenzi, kwamba kule juu ni makorongo matupu, na kwamba hata ningelikata mikanda ile siku ileile ya kwanza, goti likiwa zima, nisingefika kamwe. Nilihitaji sana kuambiwa hivyo.

Siku ya tatu mchana walitokea ukingoni mwa msitu. Daktari alikuwa na matope mpaka masikioni, anakuja mbio, anacheka. Alipofika barazani akatafuta mahali pa kutua mzigo.

"Usikae," nikamwambia. "Nimekaa na neno miaka kumi na moja, sikai na jingine hata dakika moja. Rangi gani?"

"Manjano, mama."

"Manjano ya namna gani?"

"Ya kiini cha yai. Na ndani, kooni, ni jekundu, kama limetoka kulia. Yako thelathini na manne, nimeyahesabu, ukuta mzima. Sikung'oa hata moja." Akatoa simu anionyeshe picha, nikamzuia mkono kidogo. Kulikuwa na swali la pili, na lilikuwa zito zaidi ya la kwanza.

"Na njia?" nikauliza. "Njia ikoje?"

"Nzuri sana, mama!" alisema kwa furaha yake yote, maskini, hajui anachonifanyia. "Sijawahi kuona mtu aliyepima njia namna ile. Kila mteremko ameuzunguka, kila pa kupumzika papo. Ukiwa na goti la kuuma kidogo tu, unafika bila shida."

Nikamwambia ahsante. Nikamwomba kalamu, kwa sababu kikaratasi cha ua nilikuwa nacho mfukoni, na sehemu ya rangi ilikuwa bado haijajazwa.